Panga Lililorushwa Mara Mbili

Shangazi Hamuye tulimzika Jumamosi pale Kulesa, na kabla sijarudi Hola kwenye shule ninayofundisha, Stella akaniandikia ujumbe wa pole. Niliutazama ule ujumbe nikijiuliza nani aliyemwambia. Hatukutangaza redioni. Stella, mtengeneza filamu, yuko Nairobi, hajakanyaga Tana tangu mwaka ule wa filamu, na kati yetu haijapita hata salamu ya Krismasi. Lakini alijua shangazi aliugua nini, na alijua hata kwamba mvua ilitunyeshea makaburini. Chini ya pole alikuwa ametuma video, ambayo kwenye simu yangu ilionekana kama ukungu wa kijani kwa kuwa nilikuwa sijaifungua. Aliandika kwamba amehamishia kanda zake za zamani kwenye kompyuta, ameikuta ile ya malka, nzima, haijakatwa popote, na anaona nina haki ya kuiona. Nikishaitazama, kama sitajali, nimrekodie sauti kidogo nimweleze nimejisikiaje. Mimi ni mtu wa kushuku. Wanafunzi wangu wanalijua hilo, na mume wangu alipokuwa hai alizoea kusema kwamba naikagua hata sukari kabla ya kuitia kwenye chai. Sikuzaliwa hivyo. Kuna mwaka ulionifanya hivi, na sasa kwa kuwa shangazi hayupo, naweza kuueleza bila kumuumiza.

Mambo ya ukoo wetu nayaruka, hayana msaada hapa. Nilikuwa nimemaliza kidato cha nne, nasubiri matokeo nyumbani kwa shangazi, dada yake baba, mjane aliyelima ndizi na mahindi ukingoni mwa mto. Nyumba yake ilikuwa ya udongo na paa la nyasi. Kulikuwa na chumba chake, chumba cha kuwekea mahindi ambamo mimi nililala, na sebule iliyokuwa na meza moja, redio, kalenda ya kanisa na picha ya marehemu mumewe akiwa na suti ya kuazima. Stella na mpiga picha wake walipofika kutengeneza filamu, chifu aliwaleta kwa shangazi kwa sababu sebule yake ilikuwa na sakafu ya saruji. Stella akapewa hiyo sebule. Mpiga picha, kijana wa Kizungu tuliyemwita Toma, akapiga hema uani karibu na banda la kuku. Mimi nikapewa kazi ya kutafsiri. Watu nikiwaeleza habari hii leo, wote husubiri nimlaumu yule Mzungu, na naona wanavyokosa raha nikisema kwamba Toma alikuwa mtu wa kubeba vyuma na kula chochote anachopewa. Aliyeongoza kazi alikuwa Stella, Mkenya kama sisi, aliyesoma shule nzuri, aliyekuja kutupiga picha kama watu wa nchi nyingine.

Alianza kwa adabu sana. Alimwita shangazi Mama, alivua viatu mlangoni, alijifunza kusalimu kwa Kipokomo, lugha yetu. Kisha vitu vikaanza kuondoka. Redio ilitolewa sebuleni ikapelekwa chumbani kwangu kwa kuwa, alisema, inaharibu picha. Kalenda ikafuata, kisha beseni la plastiki, kisha saa yangu ya mkononi. Siku aliyoomba kumpiga picha shangazi akipika, aliomba sufuria ya alumini ibadilishwe kwa chungu, na shangazi hakuwa na chungu, ikabidi tukaazime kwa ajuza mmoja ng'ambo ya kanisa ambaye alikitumia kulalishia kuku anayeatamia. Shangazi alipika ndizi mbichi kwa maziwa ndani ya chungu hicho, akaniuliza kwa Kipokomo, huku akitabasamu kwenye kamera, kama huyu mgeni analionea aibu beseni au anatuonea aibu sisi. Stella akauliza Mama amesema nini. Nikamwambia amesema chakula kiko tayari.

Maziwa yale yalitoka kwa Barisa, na Barisa lazima nimtambulishe vizuri. Alikuwa mzee wa Kiorma, mfugaji, mrefu, mkavu wa mwili, mwenye kofia nyeupe na fimbo ambayo hakuiacha hata anapokula. Mkewe na binti yake Halima, rika langu, walikuja kwetu na vibuyu vya maziwa, wakarudi na ndizi na mahindi. Hakuna aliyepima. Halima na mimi tulikaa jikoni kwenye mkeka tukiwasema wavulana wa Garsen, na mama yake na shangazi walikaa upande wa pili wakiwasema waume, wa shangazi akiwa kaburini lakini bado anasemwa. Hivyo ndivyo familia zile mbili zilivyoishi. Stella alipowakuta jikoni mara ya kwanza alishika kichwa kwa furaha, nikadhani atawapiga picha. Hakuwapiga. Akaniuliza baadaye kama si kweli kwamba wakulima na wafugaji hapa hugombana, na nikamjibu kwamba hugombana sana, kila kiangazi, na kwamba akisubiri kidogo ataona wakigombania malka. Sijui kwa nini nililisema kwa majivuno, kama mtu anayemwahidi mgeni ngoma.

Malka ni njia ya ng'ombe kwenda mtoni kunywa, inayopita katikati ya mashamba. Mto wa Tana hautulii, mwaka huu unakula ukingo huu na mwaka ujao ule, kwa hiyo kila kiangazi njia hiyo ilibidi ipimwe upya. Vijiji vingine sijui walifanyaje. Kwetu tulipima kwa panga. Mkulima mmoja alisimama kwenye mkoma, mti wa jamii ya mitende, uliokuwa mpaka wa upande mmoja, akarusha panga lake, na lilipoangukia ndipo palipokuwa mpaka wa upande wa pili. Aliyerusha alikuwa mkulima kwa sababu yeye ndiye anayetoa ardhi, na inapasa atoe kwa mkono wake mwenyewe. Sasa fikiria hali yake. Akirusha karibu, wafugaji watamwita bahili na mkono uliokufa. Akirusha mbali, wenzake watamuuliza jioni kama alioa ng'ombe. Basi watu walisimama kushoto na kulia wakipiga kelele zote zinazowezekana, hawa wakimchochea, hawa wakimzuia, matusi mengine siwezi kuyaandika. Panga likishatua, mzee wa wafugaji alikwenda akailaza fimbo yake chini pale lilipoangukia. Fimbo ikishalala, imekwisha. Mzee aliliokota panga, akalirudisha kwa mwenyewe, na watu wakala pamoja. Mrushaji wetu alikuwa baba mkubwa Yona, kaka yake shangazi, mtu aliyejivunia mkono wake wa kulia kuliko alivyojivunia watoto wake.

Siku ya malka Stella alivaa kofia pana akazunguka kila mahali akiwa na mikono iliyounda kidirisha mbele ya jicho. Jua lilikuwa kali. Wanawake tulisimama upande wa mashamba, shangazi mbele yangu, maana shamba lake la ndizi ndilo lililokuwa la kwanza kupakana na njia na alitaka kuona kila kitu. Kelele zikapanda, Yona akaringa, akazungusha bega, akarusha. Panga lilianguka mbali kidogo tu na ndizi za shangazi, mahali pa haki, na upande wetu ukashangilia. Barisa akaanza kutembea kuelekea pale na fimbo yake. Na wakati huohuo Stella akapaza sauti, simameni, simameni, akikimbia katikati ya uwanja na mikono juu. Kijana mmoja alikuwa amepita nyuma kwa baiskeli yenye madumu ya manjano ya maji, na madumu yameharibu picha. Sote tuligeuka kumtazama Stella. Nimelifikiria jambo hili miaka yote hii: watu wa vijiji viwili, waliokuja pale kwa ajili ya kuona fimbo ikilala, wote waligeuza shingo kumtazama mwanamke mwenye kofia. Tulipogeuka tena, Barisa alikuwa anarudi, panga mkononi, fimbo kwapani.

Stella akaomba warudie. Nilimtafsiria mwenyewe, na nakumbuka wazee wakitazamana kwa aibu ya wenyeji. Mgeni amekula kwenu, amelala kwenu, ameomba kitu kidogo. Kumkatalia mbele ya watu ingekuwa utovu wa adabu, na kila upande ulingoja upande wa pili ukatae kwanza. Hakuna aliyekataa. Stella akawahamisha wafugaji kutoka pembeni akawaweka mbele ya Yona, mgongo kwa kamera, ili wote waonekane katika picha moja, akamwomba Yona anyanyue panga juu zaidi na akunje uso. Yona alikunja uso kwa furaha. Lakini sasa palikuwa na vichwa vya watu mbele yake, akaogopa kumjeruhi mtu, kwa hiyo alirusha juu sana na kwa nguvu zake zote, panga likapita juu ya kofia za wafugaji, likapita pale lilipoangukia mwanzo, likatoweka ndani ya ndizi za shangazi. Tulisikia jani likichanika. Wafugaji wakashangilia. Stella akapiga makofi akasema safi kabisa.

Ugomvi haukuanza siku hiyo. Siku hiyo tulikula. Ulianza asubuhi, vijana wa Kiorma walipokuja kukata miiba ya kuzungushia malka na kuanza kuipanga ndani ya shamba la shangazi, pale panga la pili lilipoangukia. Shangazi akatoka na kanga ya kulalia akawauliza wana wazimu gani. Wakamwambia panga limerushwa mbele ya watu wote, na la mwisho ndilo panga. Akawaambia lile la pili lilikuwa la picha, na la kwanza Barisa alikuwa ameshalilazia fimbo. Akaitwa Barisa. Nilikuwepo, nilisikia. Barisa akasema, kwa Kiswahili chake cha kufupisha, "Mimi nainama naokota panga tu, narudishia Yona. Fimbo hapana laza. Yule mama naita simama kabla mimi nalaza." Shangazi akamtazama usoni. Akasema, "Barisa, mimi nilikuona ukiinama. Uliilaza, kisha ukaiokota pamoja na panga, kwa sababu yule aliita. Nilikuona kwa macho yangu haya." Barisa akasema mama nakosea. Hakumwita kwa jina kama alivyozoea.

Sijawahi kuona kitu kama kile. Kila mtu alikuwa pale na hakuna aliyeona. Wakulima walimwamini shangazi kwa kuwa ni wao, wafugaji wakamwamini Barisa kwa kuwa ni wao, na kila upande ukaanza kunong'ona kwamba upande wa pili umekula njama na wenye kamera. Kwa nini walihamishwa wafugaji? Nani alimwambia Stella amwambie Yona arushe kwa nguvu? Mimi mwenyewe, niliyetafsiri, nilitazamwa vibaya kisimani. Na ndipo Yona, ambaye hakuwa mjinga licha ya maringo yake, akakumbuka kwamba kuna jicho moja ambalo halikugeuka. Kamera ilikuwa inawaka. Ilikuwa imeelekezwa kwenye panga.

Shangazi alikwenda kwa Stella sebuleni, mimi nyuma yake. Alimwomba kwa upole, kwamba Toma ana kile kioo kidogo pembeni ya kamera, tuonyeshe tu kile kipande, wazee watatu wa huku na watatu wa kule waje watazame, mambo yaishe. Stella akasema picha mbichi haionyeshwi kwa mtu, ndio utaratibu wa kazi, na kanda inaweza kuharibika kwa vumbi. Akamshika shangazi mkono akasema, Mama, naelewa maumivu yako. Saa ya chakula cha mchana nilikuwa nje ya dirisha la sebule nikiosha vyombo, wao wakidhani nimekwenda mtoni. Toma aliongea kwanza, kwa Kiingereza, akasema hakuna ubaya, ni dakika moja tu. Stella akamjibu bila hata kupunguza sauti. Alisema, "Tukiwaonyesha watapatana, na wakipatana hatuna filamu." Nilisikia kijiko cha Toma kikiendelea kukwangua sahani. Nilisimama pale na maji ya sabuni yakinitiririka mikononi na nikamchukia mtu kwa mara ya kwanza maishani mwangu, chuki ya kweli, yenye joto. Nikaenda nikamwambia shangazi. Akanisikiliza mpaka mwisho, akasema sasa hata tukionyeshwa, tutajuaje kwamba ni yenyewe. Mtu aliyetoa redio kwenye nyumba anaweza kutoa na fimbo kwenye picha.

Ng'ombe hawasubiri wazee. Madimbwi yalikuwa yamekauka, na kundi la kwanza lilipita, ndizi zikalala. Shangazi alisimama akizitazama, na Stella akaja na Toma haraka, wakafunga kamera kwenye miguu yake mitatu pale katikati ya migomba iliyokanyagwa. Stella akaniambia nimuulize anahisi nini. Nilitaka kukataa. Lakini nilikuwa mdogo, na shangazi mwenyewe alinipa ishara niulize, kwa hiyo niliuliza. Shangazi alifikiri. Machozi yalikuwa yanamtoka, hakuyafuta. Akanijibu kwa Kipokomo, "Mwambie yeye ndiye anayejua." Nilimtafsiria Stella neno kwa neno, nikimtazama machoni. Akatikisa kichwa taratibu, kwa huruma, kisha akamgeukia Toma akamuuliza kama amepata machozi.

Walifunga mizigo wakaondoka, na kabla ya mwaka kwisha filamu ikaletwa Garsen kwenye ukumbi mmoja karibu na stendi, watu wote wakaalikwa. Yona alivaa shati jipya. Waorma walikaa upande wao na sisi wetu, jambo ambalo hatukupanga lakini lilitokea. Ilianza kwa mto, mzuri sana, sikujua mto wetu ni mzuri hivyo. Ikaja nyumba ya shangazi bila redio. Kisha kelele, na Yona akainua panga, uso umekunjamana, mbele yake migongo ya wafugaji, na panga lilipofika juu kabisa picha ikakatika. Hakuna aliyeona likirushwa. Picha iliyofuata ilikuwa ya ng'ombe wakikimbia na vumbi, na iliyofuata hiyo ilikuwa shangazi akilia. Chini ya uso wake yakaandikwa maneno ya Kiingereza kwamba hawa ni maadui zetu tangu enzi za mababu. Nilisimama nikasema kwa sauti kwamba hakusema hivyo. Mtu nyuma yangu akaniambia nikae. Halima alikuwa upande wa pili wa ukumbi na alinitazama, na nikaona kwamba hajui kama aniamini. Yona alitoka nje kabla taa hazijawashwa. Kuanzia siku hiyo mpaka alipokufa hakuna mtu aliyemwona akirusha kitu, hata jiwe kwa ndege.

Nimesoma na kufundisha, nimeona filamu nyingi za watu wa mbali, wa barafuni na wa jangwani, na kila ninapoona mtu analia najiuliza aliulizwa nini. Huo ndio ugonjwa niliobaki nao. Wenzangu shuleni wanasema natia chumvi, kwamba bila watu kama Stella hakuna atakayejua kwamba tupo. Labda. Nami sitasema uongo, picha pekee ya shangazi akiwa na nguvu zake, akitembea, akicheka na chungu cha kuazima, iko mle ndani ya filamu. Sisi wenyewe hatukuwa na kamera. Lakini najua pia malka haikurushiwa panga tena. Mwaka uliofuata hakuna aliyekubali kusimama kwenye mkoma, na wakaja watu wa ofisi na mawe ya saruji, wakayapanda pale miiba ilipokuwa. Shamba la shangazi likabaki ndani ya njia ya ng'ombe. Alipewa kipande kingine mbali na mto, chenye mchanga, kikamtolea kunde na si zaidi. Siku moja nilimkuta soko la Garsen akinunua ndizi. Mwanamke wa Kulesa, ananunua ndizi, kichwa ameinamisha ili asionekane. Mama yake Halima hakuleta tena maziwa, na Barisa na shangazi waliishi miaka yao yote iliyobaki bila kusemezana, kila mmoja akiapa, mpaka Barisa akatangulia. Shangazi akiwa kitandani kwa mara ya mwisho aliniambia tena kwamba alimwona akiinama. Sikumuuliza. Alilianzisha mwenyewe.

Basi nilikuwa na video ile kwenye simu. Sikwenda Hola. Nilikwenda Garsen, kwa Halima, ambaye sasa ana duka la maziwa na ana wajukuu. Urafiki wetu ulikufa ukafufuka, polepole, kwa kukutana kliniki na kwenye misiba, na hatukuwahi kulitaja lile jambo. Alikuwa amekuja Kulesa kumzika shangazi, akasimama kwenye mvua mpaka mwisho. Nilimweleza yote, nikaweka simu kwenye kaunta kati yetu. Nilimwambia ukweli, kwamba nilitaka kuiona, kwamba nilitaka kwa hasira, kwa ajili ya shangazi, ili nijue hakufa na uongo. Halima aliitazama simu bila kuigusa, akamhudumia mteja mmoja wa maziwa ya mtindi, akarudi.

"Dada Salome," akasema, "tukiona mzee aliilaza ile fimbo, wewe utakuja tena hapa?"

Nikasema nitakuja. Nikamuuliza, na tukiona hakuilaza, yeye je? Akasema hajui. Alisema anajijua, atakumbuka jinsi baba yake alivyoitwa mwongo mpaka kufa, na atanitazama tofauti hata kama hataki. Ndipo akaniambia jambo ambalo sikulijua. Alisema vijana walipitisha ng'ombe wa watu wote kwenye shamba la shangazi, lakini Barisa ng'ombe wake mwenyewe aliwazungusha hadi malka ya chini, safari ndefu kwenye jua, kila kiangazi mpaka alipouza wa mwisho. Wanawe walimlalamikia. Hakuwaeleza kwa nini. Mimi na ugonjwa wangu wa kushuku mara moja nikawaza kwamba hivyo ndivyo angefanya mtu mwenye hatia. Kisha nikawaza kwamba hivyo pia ndivyo angefanya mtu asiye na hatia aliyempenda jirani yake. Nilimtazama Halima na nikajua amekwisha kuwaza yote mawili, miaka mingi, na ameyaacha yakae pamoja ndani yake. Nikalia pale dukani, mbele ya wateja.

Tuliifuta. Halima ndiye aliyebonyeza. Kisha nikamrekodia Stella sauti aliyoiomba. Nilimwambia kwamba sijaitazama kanda yake na sitaitazama. Nilimwambia shangazi aliiomba akiwa amesimama mbele yake, shamba likiwa bado na ndizi, Barisa akiwa hai, na kwamba siku ile ilikuwa na thamani na leo haina. Nikamwambia shamba lile analo yeye, amelibeba ndani ya kompyuta yake, na alale nalo. Sauti yangu ilikatika mahali fulani katikati lakini sikuirudia, nikaituma kama ilivyo.

Jibu lilikuja kabla hatujamaliza chai. Halima alilisoma akiwa ameegemea bega langu.

"Asante sana Salome, nimeguswa mno," Stella aliandika. "Sauti imetoka safi kabisa. Naomba ruhusa niitumie."

Sijamjibu mpaka leo, na sina hakika kama alisubiri jibu.